Daftari la Moshi

Nimepewa kiti cha plastiki, peni mbili za buluu,
na paa la ghala la chama cha msingi, hapa Newala,
niandike moshi.

Safu ya kwanza: wa nyumba ya nani.
Ya pili: saa.
Ya tatu: rangi; mweupe, wa kijivu, mweusi, mwingineo.
Ya nne: unaelekea wapi, na kwa idhini ipi.

Mtendaji Chitumbi aliniapisha akigonga meza
kwa muhuri mkavu:
"Pafukapo moshi pana moto,
penye moto pana chungu,
na penye chungu, kijana, pana jambo.
Hawa hawakaushi kochoko kwa ajili ya mbuzi.
Tunataka kujua kila chungu kinasema nini."

Basi nikawa jicho.
Ujira wa jicho ni elfu tatu kwa siku,
hulipwa fungu likipatikana.

Saa kumi na moja alfajiri, kwa Binti Likapa:
mweupe, mwembamba, chai.
Saa mbili, kwa Fidea Nandonde:
ming'oko. Umekaa muda mrefu mno.
Nikatumwa kuuliza kwa nini umekaa muda mrefu mno.
"Ming'oko ni migumu," akasema.
Nikaandika: Mtuhumiwa anadai ming'oko ni migumu.
Wilayani wakajibu kwa barua: Ugumu uthibitishwe.
Tukala sungura wa sahani, mimi na mgambo wawili,
tukatia saini vidole vikiwa na chumvi.

Kisha ikaja Juni.
Ukungu ukapanda kutoka bonde la Ruvuma
kama shemeji asiyebisha hodi,
ukameza mikorosho, mnara wa simu, ofisi,
na bendera ya ofisi.
Nikaandika: Mweupe. Mnene. Nyumba zote.
Simu ikalia.
"Zote? Nani mwenye nao?"
"Umetoka ng'ambo, mkuu. Msumbiji."
Kimya. Nikasikia kurasa za kanuni zikifunuliwa.
"Umevuka kwa hati gani?"

Siku tisa tuliutafutia ukungu mdhamini.
Mgambo waliuwekea kizuizi barabarani
wakarudi sare zimelowa, mikono mitupu.
Siku ya kumi ukajiondokea,
haukuaga, haukugongewa muhuri,
na mimi nikapata barua ya onyo
kwa kuuruhusu.

Ila kuna nyumba moja, nyuma ya tangi bovu la maji,
ambayo mstari wake ni mweupe tu.
Jumatatu, hakuna. Jumanne, hakuna. Jumatano
"Huyo ndiye hatari," alisema Chitumbi.
"Asiyetoa moshi anaumeza.
Mpelekee Fomu Namba Tisa,
Maelezo ya Kukosa Moshi."

Bi Somoe aliishika fomu kichwa chini, miguu juu.
"Nisomee, mwanangu."
Nikasoma: Je, unapikia wapi kwa siri?
Akacheka, akacheka mpaka akashika ukuta,
kisha akanivuta mkono hadi uani.
Mafiga matatu. Katikati yake, paka,
amejikunja juu ya jivu la zamani.
"Andika hivyo. Paka amelala jikoni."

Palikuwa na kisanduku cha kuni, cha mkaa,
cha mafuta ya taa, cha gesi, cha kinginecho.
Nilitafuta kisanduku cha paka.

Jioni nilirudi na kibaba cha unga wa muhogo
na kaa la moto juu ya kigae.
Paka alinitazama kama mwenye hati ya kiwanja.
Akahama.

Nikapanda paani, nikafungua daftari.
Moshi wa Bi Somoe ulitoka ukiyumba,
kama mgonjwa anayejaribu kwenda chooni peke yake,
halafu ukanyooka.
Saa moja kasoro robo. Wa kijivu. Unaelekea juu.
Kwa idhini ipi?
Nikaandika jina langu, lote, hata la babu.

Nilipoinua macho, juu ya paa la zahanati
ng'ambo ya barabara
palikuwa na kiti cha plastiki kama changu.
Mtu ameinama. Anaandika.

Nikakohoa.
Akatazama saa.